Kilio cha Mwimbaji wa Uingereza

Kazi yangu katika redio moja ya Kolwezi ilikuwa kuweka muziki chini ya matangazo ya vifo na ya vilio, ndiyo matanga. Nikatumia ujanja, nikaiingiza humo bendi niliyoipenda kuliko zote: vijana wanne wa Uingereza waliojitokeza wakati kelele za muziki wa punk zimeanza kuchosha watu. Kwao besi ndiyo inayoimba, gitaa linakwaruza tu pembeni. Mkurugenzi, aliyezoea kinanda cha kanisa, alisikiliza akasema huo ni muziki wenye heshima. Nikang'ata midomo nisicheke.

Basi mji mzima ukawa unaomboleza na bendi yangu. Mpiga besi wa kwaya moja ya mtaa wa Manika akaanza kuiga mtindo ule mazishini, wala hajui umetoka wapi. Nilifurahi mno.

Ndipo nikataka zaidi. Niliomba saa moja ya Jumamosi, siku ya posho kama tusemavyo hapa, niisimulie historia yao. Mkurugenzi akanipa jaribio moja: nikiharibu, saa hiyo wanapewa wahubiri, nami nabaki na vifo vyangu.

Nilianza vizuri. Besi ikapiga, nami nikasema, kwa huzuni ya kweli, kwamba mwimbaji wao alifariki angali kijana. Simu zikaanza kulia.

"Tata, ni nani alikufa?" mama mmoja akauliza. "Kilio iko wapi, batu baende?"

"Mama, ni Mzungu, alikufa zamani, kwao Uingereza."

"Maskini! Na bazazi bake, baba na mama yake, banajua?"

Mchimbaji wa mgodi wa Mutoshi akataka kujua kama ni shimo lilimwangukia. Mwingine, wa Kasaji, akaapa kwamba anaujua ukoo wake. Hasira zikanipanda. Nilitaka kueleza jinsi waliobaki walivyobadili jina wakapiga muziki wa kucheza, na jinsi bendi chungu nzima za leo zinavyowaiga, lakini kila nikifungua mdomo napewa pole.

Mkurugenzi akaingia studio, uso umekunjamana, akaninyang'anya maikrofoni. Nikajua kipindi changu kimekufa. Akavua kofia, akakohoa.

"Ku jina ya redio," akasema, "tunapatia pole famille yote ya Uingereza. Kilio itaendelea siku ya posho yenye kuya, saa hii hii."