Pamba ya Darini Nimeitandaza Mwenyewe

Admin, jina langu lifiche, lakini maneno yangu usiyapunguze makali. Nina miaka 36, mama wa watoto wawili, natokea Tanga. Nafanya kazi za ndani hapa Doha, upande wa Al Rayyan, mwaka wa sita sasa.

Chumba changu kiko juu kabisa ya nyumba, bati na dari nyembamba. Kiyoyozi kinanguruma bure, mwezi wa saba nalala na taulo bichi kifuani. Nimelalamika hadi nikajichoka. Mwaka jana mafundi walikuja kuongeza pamba ya kuzuia joto, ile ya nyuzi za kioo, juu ya sebule ya wageni, yakabaki marobota manne. Mama mwenye nyumba akasema, "Yalla, ondoa uchafu huo. Ukiutaka, chukua."

Nikachukua! Ijumaa, siku yangu ya mapumziko, nikajifunga kanga usoni nikapanda darini, juu ya chumba changu. Mimi nimelelewa kwenye magodoro ya sufi, na godoro zuri ni la kushindilia. Basi nikaishindilia pamba ile kwa magoti mpaka ikawa chapati. Mwili uliniwasha siku tatu, na joto halikupungua hata chembe. Nilipomsimulia dereva wetu, Mkenya aliyewahi kuwa kibarua wa ujenzi, alicheka mpaka akakaa chini. "Aki dada, umeiharibu! Hiyo kitu haifinywi. Hewa ya ndani ndiyo inazuia joto, wacha ifure." Nikapanda tena, nikaichambua yote kwa vidole, nikaitandaza upya. Jamani, siku hiyo nililala mpaka nikalia kwa raha.

Wiki iliyopita Mama alipanda kutafuta zulia, akaingia chumbani kwangu. "Mbona hapa baridi?" Kesho yake akaniambia nihamie chumba cha kufulia, bati tupu, eti changu kinafaa kuwekea tende na manukato yake. Tende zilale pazuri, mimi niive!

Nikamjibu, "Mama, chumba ni chako. Pamba ulinipa, nahama nayo." Akasema nikigusa dari nifungashe virago.

Mume wangu ananisihi kwenye simu, "Mke wangu, mkono usioweza kuukata, ubusu. Mwachie tu, usije ukarudishwa." Nimeubusu miaka sita, midomo imechoka.

Ndugu zangu, kesho Ijumaa. Ngazi nimeshaiegemeza ukutani. Msiniambie nivumilie, kuvumilia nakujua kuliko nyie. Nishaurini tu: nianze kuitoa upande wa mlangoni au wa dirishani?