Mojo ya Edelmira

Siku moja kabla ya mkesha wa Krismasi, Edelmira Bacallao alikuwa jikoni kwake, pembezoni mwa Cabaiguán, mji mdogo wa Cuba, akitwanga kitunguu saumu. Kila mchi ulipotua kinuni alikuwa akimponda mtu. Hakumjua bado ni nani. Alijua tu kwamba mtu huyo ana mkono, na kwamba mkono huo umeonja panga lake.

Jioni iliyopita, mvua ikimwagika na umeme umekatika kama kawaida yake, alisikia mbao za banda la nguruwe zikigongana. Alitoka peku na panga. Nguruwe wake jike, aliyeitwa Paloma, alikuwa amelala ubavu na kisu kimeshapita moyoni, na mimba yake tumboni. Aliyemchoma alijua pa kuchoma, maana mnyama hakupata hata nafasi ya kupiga kelele. Gizani mkono wa mtu ulikuwa umeshika ubao wa juu ili mwenyewe aruke, na Edelmira akaushushia panga. Ncha iligusa nyama, hilo alilisikia mpaka begani. Mtu akaruka, akapotelea kwenye mashamba ya tumbaku, na mvua ikaosha damu yote, ya mwizi na ya nguruwe.

Asubuhi alisimama uani mbele ya majirani akaapa kwa kaburi la mama yake kwamba atakayemkuta na jeraha la panga lile, atamalizia alichoanza. Mkono ule ataukata. Hakuna aliyecheka, kwa sababu Edelmira hakuwa mtu wa kuapa ovyo. Siku marehemu mume wake alipomzaba kofi, ndiyo mara ya kwanza na ya mwisho, alimvunja mfupa wa mkono kwa mchi huu huu, halafu akampeleka hospitali mwenyewe na kumlisha supu kwa kijiko mpaka akapona. Mtoto wake Osniel, sasa mwanaume wa ndevu, bado ana alama ya mwiko wa moto begani. Watu wa mtaa walimpenda, lakini walimpenda wakiwa wamesimama mbali kidogo.

Nyama ya nguruwe aliyekwisha kuzaa mara kadhaa ni ngumu kama kiatu, na nyama iliyopo haitupwi. Kwa hiyo safari hii mojo, ule mchuzi wa kulowekea nyama, ilitakiwa iwe kali. Alikiponda kitunguu saumu pamoja na chumvi ya mawe, bizari nyembamba na majani makavu ya oregano mpaka kikawa uji. Akaipua sufuria ya mafuta ya nguruwe yaliyokuwa yakitoa moshi na kuyamimina juu yake. Yalipiga kelele, yakaruka, yakamchoma kifuani, naye hata hakurudi nyuma. Kisha akakamua madanzi, beseni zima, akaongeza ndimu, akaponda nanasi bichi kwa ngumi na kulichanganya humo. Nanasi ndilo linalotafuna nyama ngumu, ila likizidi nyama hugeuka ugali, na Edelmira hakuwahi kulizidisha. Harufu ilitoka mpaka barabarani.

Kwake kulikuwa na sheria moja tu ya mkesha: anayetaka kula, asugue. Kila mtu anaingiza mikono mitupu kwenye beseni na kuisugulia mojo ndani ya nyama, kwenye kila shimo lililotobolewa kwa kisu. Na kwa kuwa asubuhi ile wote walichuma madanzi kwenye ule mdanzi wa uani wenye miiba mirefu kama sindano za kushonea magunia, hakuna aliyebaki bila mikwaruzo. Ndiyo ilikuwa burudani ya kila mwaka. Mtu akizamisha mikono anatoa ule mvuto wa pumzi kati ya meno, ssss, na wengine wanacheka.

Safari hii Edelmira hakuwa akingoja kicheko. Alisimama kando ya meza ya uani, ambako Paloma alilazwa amepasuliwa wazi, panga likiwa limeegemea mguu wa meza, akatazama mikono.

"Haya, njooni," akasema. "Mmoja mmoja. Na mtu asinifiche kiganja."

Osniel alianza. Akatumbukiza, akakunja uso. "Ssss. Mama, hii mojo au maji ya betri?"

"Sugua, acha maneno."

Akafuata Zoraida, jirani wa nyumba ya pili, mwanamke mnene mwenye mdomo. Alifyonza pumzi hadi machozi yakamtoka. "Edelmira, wewe kweli una roho mbaya. Umetia chumvi ya bahari nzima humu."

"Wa roho mbaya yuko hapa hapa kwenye foleni, Zoraida. Pisha."

Mume wa Zoraida, Ladislao, alikuja akiburuta miguu, mkono wa kulia umefungwa kitambaa. Uani kukatulia. Ladislao alishawahi kukutwa na kuku wa mtu ndani ya gunia, zamani, na mtaa husamehe lakini hausahau.

"Hicho kitambaa ni cha nini, Lao?" Osniel akauliza.

"Mwiba wa mdanzi."

"Mwiba ndiyo unafungiwa shuka zima?"

"Basi sili. Nimeghairi, kuleni wenyewe."

"Fungua," Edelmira akasema.

Ladislao akageuka aondoke. Osniel alimdaka shingoni, akachana kile kitambaa kwa meno na kuuzamisha mkono wake kwenye beseni hadi kwenye kiwiko. Ladislao alilia. Hakufyonza pumzi, alilia kabisa, kwa sauti ya mtoto anayechanjwa, na mkono ulipotoka ulikuwa na mchaniko mrefu mwekundu ukipita kwenye kiganja.

Hapo uani palichafuka. Osniel alimpiga ngumi ya mdomo, jino likatoka. Mtu mwingine akampiga teke la mbavu. Zoraida alimrukia Osniel mgongoni akimng'ata sikio, akatupwa juu ya rundo la maganda ya madanzi. Walimburuta Ladislao mpaka mezani, wakaubana mkono wake kwenye mbao, ubavuni mwa nguruwe, na Osniel akaokota panga.

"Mama, njoo utimize kiapo chako. Au nikutimizie mimi."

"Ni mwiba," Ladislao akasema, damu ikimtoka mdomoni. "Niliteleza mtini. Nawaapia watoto wangu."

Katikati ya fujo ile Evelio alikuwa amefika kwenye beseni. Evelio ni mdogo wake Edelmira, mwanaume wa makamo asiye na mke, aliyelala kibanda cha nyuma na kushinda na wanyama. Alikuwa akichimba shimo la kuchomea nyama, mikono yote myeusi kwa masizi na makaa. Hakuna aliyekuwa akimtazama isipokuwa dada yake. Alitumbukiza mikono yote miwili kwenye mojo, akaizamisha, akaanza kumsugua Paloma kwenye paja, polepole, akizijua njia za nyama ile. Masizi yaliteleza yakashuka. Na Evelio hakutoa sauti.

Hakufyonza pumzi, hakukunja uso, hakupepesa jicho. Alikuwa na uso ule ule aliokuwa nao akiwa na miaka sita, mama yao akiwa ameshazikwa na Edelmira, msichana asiyejua kulea, akimwambia anyooshe mkono apigwe kwa mchi. Ukilia, naongeza. Ukiutoa mkono, naongeza. Mtoto alijifunza upesi. Baada ya mwaka mmoja alikuwa akipigwa kama mtu anayepigiwa hadithi, na Edelmira alijisifu kwa majirani kwamba mdogo wake ni dume.

Aliutazama ule mkono. Masizi yalipotoka, kati ya kidole gumba na cha shahada kulikuwa na mdomo wa jeraha, wazi, na mojo ikiingia na kutoka humo. Mwenye mwiba alilia. Mwenye jeraha la panga alinyamaza.

Na alijua sababu pia, hakuhitaji kuuliza. Paloma alizaliwa dhaifu, na Evelio ndiye aliyemlea kwa chupa ndani ya kibanda chake. Edelmira alimwahidi kwamba atakuwa wake. Kisha mwezi uliopita, kwa ugomvi wa kijinga juu ya ndoo, alimnyang'anya kwa mdomo tu na kumpa Osniel awe nyama ya harusi yake.

Angeweza kunyamaza. Panga lilikuwa juu, mkono wa mwizi wa kuku ulikuwa mezani, na hakuna mtu Cabaiguán ambaye angemlilia sana Ladislao. Mdogo wake angeendelea kusugua na mambo yangeishia hapo. Kwa nusu pumzi alitaka iwe hivyo, na alitaka kwa nguvu.

Kisha akachukua mchi pale mezani na kumpiga mwanawe nao kwenye kiwiko. Panga likaanguka. Osniel akapiga magoti akishika mkono.

"Mwachieni Lao," akasema. "Si yeye."

"Mama, umeona mwenyewe. Amelia."

"Ndiyo maana si yeye."

Akaliokota panga, akazunguka meza mpaka alipo Evelio. "Toa mkono humo."

Evelio akautoa. Wote wakaona. Zoraida, aliyekuwa akimfuta mumewe damu, akafanya ishara ya msalaba.

"Kwa nini ulimuua, Evelio? Si ungemswaga tu?"

"Angepiga kelele, dada. Ungetoka." Akafikiri kidogo. "Na sikutaka achinjwe na mtu asiyemjua."

"Niliapa kwa kaburi la mama."

"Nilikuwepo. Nilisikia."

Akauweka mkono mezani mwenyewe, kiganja juu, pale pale ulipokuwa mkono wa Ladislao, na kutazama mbele. Hakuna aliyemshika. Osniel, bado chini, alisema kwa sauti ndogo, "Mama, basi. Inatosha." Lakini Edelmira alikuwa ameshalinyanyua panga. Hasira yake ilikuwa na mazoea yake, kama punda anayejua njia ya kisimani, na ilikwenda yenyewe. Akalishusha kwa mikono miwili.

Panga lilizama mezani nusu ya upana wake, pembeni mwa kidole gumba cha Evelio, karibu kiasi kwamba lilinyoa ngozi. Mpaka leo hakuna ajuaye kama alikosea au alitaka kukosea, na yeye mwenyewe hajui. Alichokiona ni kwamba mkono haukusogea. Haukuruka, haukutetemeka. Ulibaki wazi pale, ukingoja la pili.

"Kwa nini hukuutoa?" akauliza.

Evelio akamtazama kwa mshangao wa kweli, kama ameulizwa jina lake.

"Si ulisema nikiutoa unaongeza."

Edelmira akaachia mpini. Akakaa chini kwenye tope na maganda, mwanamke ambaye mtaa haukuwahi kumwona amekaa mbele ya watu. Akatoa sauti iliyowatisha kuliko panga, akalia akijipiga mapaja, na hakuna aliyethubutu kumgusa. Evelio alisimama pale pale na mkono wake mezani, maana hakuwa ameambiwa autoe.

Ni Zoraida aliyekwenda na chupa ya ramu, akamwosha jeraha na kulifunga kwa kile kitambaa cha mumewe kilichochanwa. Hata ramu haikumtoa sauti. Osniel alimwomba Ladislao radhi, lakini jino halikupatikana.

Nyama ilichomwa, kwa sababu nyama iliyokwisha kulowekwa lazima ichomwe. Panga liliachwa mezani lilipokwama, na watu walikula wakilizunguka. Edelmira alikata kipande cha paja chenye ngozi iliyokauka vizuri, akakiweka kwenye sahani, akaipeleka kwa mikono yake mwenyewe hadi kwenye kibanda cha nyuma.

Alipomnyooshea sahani, Evelio, kabla ya kuona ni kitu gani, alinyoosha mkono na kugeuza kiganja juu.