Balozi Ndani ya Kompyuta

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, nilifunga mlango wa chumba changu cha kupanga pale Tabora mjini, nikaenda stesheni bila kujua naelekea wapi. Ndivyo nilivyokuwa. Shule niliiacha mapema, lakini udadisi haukuniacha, na treni ikipiga honi nyayo zilikuwa zinaniwasha.

Ndani ya behewa nilikaa karibu na mama mmoja aliyepakata mkoba wa bisibisi na diski. Jina lake Bi Tatu.

"Shikamoo mama. Safari ya wapi?"

"Marahaba. Goweko, kumtazama mgonjwa."

"Kumbe u daktari?"

"Wa kompyuta," akacheka. "Na wewe waenda wapi?"

"Popote treni itakaponifikisha," nikasema. Basi tulipofika Goweko nikambebea mkoba, nikateremka naye.

Mgonjwa alikuwa kompyuta ya kikundi cha warina asali, katika chumba kilichonukia nta. Chupa za asali zilikuwa zimepangwa tayari ukutani. Mnunuzi angefika na gari kesho yake asubuhi, naye hakutaka chupa isiyo na lebo ya kikundi. Bila lebo, asali yao ingemiminwa kwenye mapipa pamoja na ya watu wengine, na jina la Goweko lingepotelea humo. Na programu ya kuchapa lebo ilikuwa imegoma. Kila ikifunguliwa inauliza hii ni kompyuta gani, kisha inaandika kwamba haiifai.

"Kompyuta ni ile ile!" alifoka Mzee Shija, mwenyekiti wa kikundi. "Wiki iliyopita ilitujua, leo inatuhoji kama wezi. Fundi, hicho kinachouliza-uliza kifute, tuchape lebo zetu."

Bi Tatu akaketi mbele ya kompyuta. Alitazama kwanza, kisha akatueleza taratibu. Ndani ya kompyuta mna mafaili yasiyo mali ya programu moja. Programu nyingi huyatumia kwa pamoja. Faili moja la namna hiyo kazi yake ni kuitazama mashine: ni ya aina gani, ina mfumo gani, itaweza kubeba kazi hii au haiwezi. Programu ikitaka kuanza, huliuliza faili hilo kwanza.

"Nikilifuta, mzee, lebo hazitachapwa, na printa nayo huenda ikanyamaza. Wengi wanalitegemea."

Mwanangu, nilisahau hata njaa. Kumbe ndani ya kile kiboksi mna ujirani! Ukiona vyaelea, vimeundwa. Na aliyeviunda alifikiri kumpa mmoja kazi ya kuuliza kwa niaba ya wote.

Bi Tatu akaendelea kupekua, mara akatabasamu. "Hili faili ni la zamani mno, halikuwahi kuijua mashine kama hii. Limekuja karibuni pamoja na mchezo, likalifunika jipya. Nani ameweka mchezo wa bao humu?"

Warina asali wakatazama dari. Mama mmoja akashindwa kuvumilia: "Mwulize mwenyekiti. Ndiye anayefungwa na kompyuta kila jioni!"

Chumba kizima kikacheka, na Mzee Shija akacheka kuliko wote. "Jana nilikaribia kuishinda," akasema.

Bi Tatu akatoa diski, akalirudisha faili sahihi mahali pake. Lile la zamani hakulitupa. Alilihamishia kwenye folda ya mchezo wenyewe. "Mgeni abaki na chake chumbani kwake," akasema, "asitandue kitanda cha wenyeji." Programu ikafunguka. Printa ikakohoa, ikatoa lebo ya kwanza, na akina mama wakapiga vigelegele.

Jua lilipoanza kushuka nikakumbuka kwamba sina pa kulala. Wakaniambia mgeni hapokelewi kabla ya kupelekwa kwa balozi wa nyumba kumi, msimamizi wa ujirani ule, na balozi alikuwa Mzee Shija yule yule. Akakaa wima kwenye kigoda chake. Umetoka wapi? Unaishi kwa nani? Nani anakujua? Nikaanza kujiumauma.

"Jamani," Bi Tatu akadakia, "huyu naye anauliza-uliza. Tumfute, mgeni aingie?"

Mzee akacheka mpaka akajifuta machozi. "Aa, fundi, umenipata! Lakini nisipouliza mimi, nyumba zote hizi zitalalaje?" Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akaniita nyumbani kwake. Nikapewa ugali, asali, na mkeka kwenye chumba cha wanawe.

Nimelala pengi tangu siku hiyo, mwanangu, kando ya njia hii waliyopita wapagazi wa kale, na kila nilipofika niliulizwa kwanza. Kuuliza si ujinga, wala kuulizwa si kudharauliwa. Anayekuzuia mlangoni usikimbilie kumwondoa. Sikiliza anauliza nini, maana huenda anawalinda wengi usiowaona. Na ukikaribishwa, chako kisifunike cha wenyeji.

Mungu akujalie kila mlango utakaobisha umkute mtu wa kukuuliza jina lako, na akishakuuliza, akutandikie mkeka.