Kiwiko cha Apiyo

Kichochoro kinachopita nyuma ya nyumba ya Mama Oluoch, mtaani Kisumu Ndogo, Nairobi, hakiwatoshi watu wawili. Wakikutana, mmoja lazima apishe ubavu. Humo ndimo Eddah Apiyo alimojifunzia kriketi akiwa na miaka tisa, kwa mpira wa tenisi uliozungushiwa tepu nyeusi ya mafundi wa umeme, na mtungi mbovu badala ya vile vijiti vitatu ambavyo mrushaji hulenga kuviangusha. Siku ya kwanza alipozungusha mkono wote juu, kama alivyowaona wakubwa uwanjani, makali ya bati la paa yalimpasua kiganja. Tangu hapo akabuni hila yake: mkono ukifika usawa wa paa, anakunja kiwiko; ukishapita, anakikunjua kwa nguvu zote. Watoto wenzake hawakuuona mpira mpaka mtungi ulie.

Sheria ya kriketi haikubali hivyo. Ukikunjua kiwiko unapouachia mpira, hapo hujarusha, umetupa jiwe. Apiyo hakuijua sheria hiyo. Aliyeijua ni Khamala, mwalimu wa mtaa jirani wa Kawangware 46 ambaye kila Jumamosi aliwakusanya wasichana wa mitaa hiyo na kuwafunza mchezo. Alimwona Apiyo, wakati huo ana miaka kumi na mitatu, akirusha mara moja tu, akajua. Lakini aliona pia vijiti vimelala chini. Akajiambia atamnyoosha muhula ujao.

Muhula ujao ulikuwa na kikombe cha kushindaniwa. Uliofuata pia. Ikawa miaka sita.

"Mwalimu," Apiyo alimuuliza siku moja, "mbona mikono ya wenzangu inanyooka na wangu haunyooki?"

"Wewe rusha tu. Vijiti havina macho."

Wasichana wakacheka, naye Apiyo akacheka. Watu hudhani uongo ni maneno. Uko uongo wa kunyamaza, nao ni mbaya zaidi, kwa sababu anayedanganywa humshukuru anayemdanganya. Apiyo alimshukuru Khamala kila Jumapili kanisani, kwa jina.

Timu ya taifa ilipotafuta wachezaji wa mashindano ya wanawake wa nchi sita, yatakayofanyika papa hapa Nairobi, mmoja wa wateuzi aliukodolea macho ule mkono, akauliza una nini. Khamala akajibu bila kupepesa, "Amezaliwa hivyo. Kiwiko chake hakinyooki, kwa hiyo hakuna kinachokunjuliwa." Uongo wa kunyamaza ulikuwa umezaa wa kusema.

Apiyo alikuwa akiwafulia watu nguo Riruta Satellite. Alipoaga kwenda kambini, tajiri wake, Mama Ryan, alimwambia wazi kwamba nguo chafu hazingoji mtu, angemtafuta mwingine. Apiyo hakujali. Akicheza vizuri angebaki kwenye timu, akilipwa. "Mama, mikono hii imemalizana na sabuni," alisema, na mama yake, aliyekuwa akipepeta omena, dagaa wake wa kuuza, mlangoni, akamwambia asiseme kwa sauti, wenye husuda wasisikie.

Mechi ya kwanza ilikuwa dhidi ya Uganda. Mama yake alikuja na akina mama wanne wa kanisa, wamevaa sare zao. Apiyo aliporusha mpira wake wa kwanza, mwamuzi, mama mmoja mgeni asiyemjua Khamala wala kichochoro, aliunyoosha mkono wake kando na kutangaza kuwa mpira ule ni batili. Akampa onyo: akirudia, hatarusha tena siku hiyo.

Nahodha, Lenah, akaja mbio. "Nyoosha mkono, Eddah. Nyoosha tu."

Nyoosha tu! Kwa miaka sita neno hilo hakuna aliyemwambia, na sasa alitakiwa kulitii mbele ya umati. Alijaribu. Mpira ukaangukia karibu na vidole vyake vya miguu, na watu wakaangua kicheko. Akarudi nyuma, akafumba macho, na mwili ukafanya ulichokijua. Vijiti viliruka. Mama yake akasimama, akapiga vigelegele, na akaendelea kupiga hata uwanja wote uliponyamaza, kwa maana hakujua maana ya ule mkono wa mwamuzi ulionyooshwa kando kwa mara ya pili.

Barua ya chama cha kriketi ilifuata: haruhusiwi kurusha katika mechi yoyote mpaka mkono upimwe na kuthibitishwa kuwa umenyooka. Khamala alimfunga kiwiko kwa kipande cha ubao, wakafanya mazoezi miezi miwili. Mpira ulikwenda kila mahali isipokuwa kwenye vijiti. Mwishowe Khamala akaja kwao Kisumu Ndogo kuomba radhi.

"Nilidhani nitamnyoosha baadaye," alisema.

Mama yake Apiyo hakumpa kiti. "Mwalimu, mimi nauza omena. Ikishakauka haikunjwi, inavunjika. Alipokuwa mbichi ulikuwa wapi?"

Khamala akageuka, akaondoka. Jumamosi iliyofuata alikuwa uwanjani na wasichana wengine.

Apiyo alipokwenda Satellite kuomba kazi yake, kamba ya Mama Ryan ilikuwa imeanikwa nguo na mikono ya mtu mwingine. Apiyo alirudi nyumbani kwa miguu, na kichochoroni akawakuta watoto wakicheza. Hope, binti wa jirani, alikuwa akikunja kiwiko kwenye usawa wa bati na kukikunjua.

"Nyoosha mkono!" Apiyo alifoka.

"Ai, Apiyo! Na wewe si ulifika hadi timu ya Kenya na hiyo mkono?"

"Nimesema nyoosha."

Hope akanyoosha. Bati likampasua kiganja palepale ambapo Apiyo ana kovu. Apiyo alirarua pindo la leso yake, akamfunga jeraha. Akajipenyeza ubavu kati yao, akashika njia ya mlangoni kwao.

Nyuma yake alisikia mtungi ukilia, na watoto wakishangilia. Hakugeuka.