Maji ya Kujaribia Chungu

Mwezi Juni mwaka jana nilivuka kwenda Kamanga nikiwa nimepakata chungu. Kijana wa kwenye kivuko alitaka kukiweka pamoja na mizigo mingine, nikamkatalia. Mama mmoja aliyeketi kando yangu aliniuliza kama naenda kwa mganga. Nilimjibu kwamba naenda msibani, na sikumdanganya. Sikumwambia tu kwamba msiba wenyewe nilikuwa nimeusubiri tangu nikiwa darasa la nne.

Ngoja nikueleze, maana huenda wewe umekulia mahali ambapo chungu ni chungu tu.

Bibi yangu alikuwa mfinyanzi, kama mama yake na mama wa mama yake. Katika kijiji chetu, upande wa Sengerema, wafinyanzi walikuwa watu wa kando. Ilianza lini, hakuna aliyejua. Watu walipikia sato katika vyungu vyetu na kutunza maji katika mitungi yetu, lakini mkono uliofinyanga chungu ukiwapa maji ya kunywa, hawakupokea. Penye msiba, watu wa ukoo wetu waliketi nyuma ya zizi na kuletewa chakula juu ya majani ya mgomba. Habari za kuoana hata hazikutajwa.

Hali hiyo ilivunjwa na mwalimu mmoja, aliyeletwa kufundisha kijijini miaka mingi kabla sijazaliwa. Yeye mwenyewe alitoka katika ukoo wa kitemi, jambo lililowaudhi wakubwa zaidi. Hakupiga hotuba. Aliwaendea wafinyanzi penye kazi yao. Chungu kikishachomwa hujazwa maji na kuachwa, ili ionekane kama kinavuja. Mwalimu aliwashauri wanawake wale wamnyweshe kila mnunuzi maji hayohayo ya kujaribia, kwa kata, kutoka mikononi mwao. Asiyekunywa asiuziwe.

“Anayeuogopa mkono wenu,” alikuwa akisema, “akapikie kwenye mkono wake.”

Walikubaliana wote, hakuna aliyesaliti. Msimu mmoja wa kiangazi kijiji kilipika kwenye masufuria yaliyotoboka na vyungu vilivyofungwa waya. Mwishowe wakaja mmojammoja, wakanywa. Mimi nilizaliwa nikakuta watu wanakunywa. Nilidhani ndivyo dunia nzima inavyonunua vyungu.

Mwalimu alifariki Agosti 1992. Kabla ya hapo alimwahidisha bibi kwamba nitapelekwa shule, kwa kuwa nilikuwa nimepita umri nikiponda udongo na kuchota maji. Januari 1993 nikaanza darasa la kwanza nikiwa na miaka kumi na mmoja, mrefu kuliko wote, mikono yangu ikinuka moshi wa kinyesi cha ng'ombe tulichochomea vyungu. Bado naisikia harufu ile. Naisikia pia sauti ya kokoto ya ziwani ambayo bibi aliitumia kulainishia kingo, alfajiri, huku michembe ya viazi vitamu ikichemka na redio ya jirani ikiimba.

Jirani yetu alikuwa mnunuzi wa sangara. Ile ilikuwa miaka ya soko huria: magari ya barafu yalifika hadi ufukweni, viwanda vya Mwanza vilitaka minofu, na maduka yalijaa ndoo za plastiki nyekundu na bluu. Wanawake walizibeba kichwani kwa fahari. Nami nikaanza kuona jambo ambalo bibi aliliona kabla yangu: aliyenunua ndoo dukani hakulazimika kunywa maji ya mtu. Kidogokidogo, mikono yetu ikaanza tena kuogopwa.

Binti wa jirani alikuwa darasani kwangu. Kikombe cha shule kilikuwa kimoja, kimefungwa kamba kwenye mtungi uliofinyangwa na bibi. Siku moja, nilipomaliza kunywa, alikichukua, akakisugua kwa mchanga ndani na nje, akakisuuza, ndipo akanywa. Wenzake wakacheka.

“We mtoto wa udongo,” akaniambia, “utatuachia vidole humo.”

“Mtungi wenyewe amefinyanga bibi yangu.”

“Ndiyo maana baba ataleta ndoo.”

Na kweli ndoo ililetwa, ya bluu, yenye mfuniko. Mtungi ukawekwa nje, mbuzi wakaupasua.

Julai 1996 jirani alimaliza kujenga nyumba ya bati. Wazee wa ukoo wake wakamwambia kwamba pombe ya kuwamwagia waliotangulia haikai kwenye plastiki. Atafute chungu kipya. Akamtuma mfanyakazi wake. Bibi akamrudisha mikono mitupu: aje mwenyewe. Akaja Jumapili, amevaa saa kubwa na viatu vya kung'aa, mtaa wote ukitazama.

“Shikamoo mayu,” akamwamkia bibi, kama amwamkiavyo mama.

“Marahaba, mwanangu. Karibu kiti.”

“Sikai. Nimefuata chungu.”

“Chungu kipo. Na maji yake yapo.”

“Mayu, mambo ya yule mwalimu yalikufa na mwenyewe. Siku hizi ni ruksa.”

“Haya, ni ruksa,” bibi akasema, akimnyooshea kata. “Na mimi ni ruksa nisiuze.”

Watu waliguna, mmoja akacheka waziwazi. Jirani akaipokea kata. Alijaza maji kinywani, mashavu yakatuna, kisha akayatema yote ndani ya chungu. Akaiangusha kata chini na kuondoka. Bibi alimwaga yale maji, akakifunika chungu na kukiweka ndani, wala hakukiuza kwa mtu mwingine yeyote.

Kama yangeishia pale, huenda ningekuwa mwanamke mpole zaidi. Jirani alinunua chungu kingine kule Misungwi. Mwaka uliofuata, kabla ya mvua za vuli, alipata kibali cha kujenga mahali pa kupokelea samaki, na kati ya ufukwe wote ule alichagua palepale tulipochimba udongo. Nilikuwepo zege lilipomwagwa. Bibi alisimama ameshika jembe lake dogo hadi mafundi walipomaliza kusawazisha, kisha akanishika mkono tukarudi nyumbani. Hakufinyanga tena. Alifariki Machi 1999, nikiwa darasa la saba, na katika mazishi yake jirani alileta ndoo mbili za maji ili waombolezaji wasinywe ya kwetu.

Nimesikia mengi juu ya kusamehe. Marehemu mume wangu, aliyekuwa mtu wa kanisa, alinihimiza sana. Nilimheshimu katika mambo yote isipokuwa hilo.

Basi mwaka jana jirani alifariki, na wazee wakadai tena chungu kipya, safari hii cha kummwagia pombe marehemu mwenyewe. Mfinyanzi hakupatikana. Mtu fulani akakumbuka kwamba mimi, huku Mwanza, bado ninacho kile chungu ambacho bibi hakukiuza. Aliyenipigia simu ni binti yake. Nilimwambia nitakileta mwenyewe, na kwamba masharti ni yaleyale. Akasema, “Njoo.”

Nilikiweka katikati ya ua wao, nikakijaza maji, nikachukua kata. Nilisema kwa sauti kwamba chungu hiki kitabaki hapa baada ya ukoo mzima kunywa kutoka mkononi mwangu. Nilikuwa nimejiandaa kuona nyuso zikikunjamana. Nilizitaka nyuso hizo. Nimeishi nazo usingizini.

Wakaja wajukuu, wakwe, vijana wenye simu mikononi. Wakanywa. “Asante, mama.” “Maji yana baridi hayo!” Mmoja akaomba aongezwe. Hawakujua kitu. Hakuna aliyewaambia kwamba mkono huu unaogopwa, na nilipowatazama nilielewa kwamba ile ni kazi ya mwalimu, imefanyika bila wao hata kumjua. Nakiri kwamba niliona wivu, kama mtu aliyeibiwa. Kwa hiyo niliwasimulia. Niliwatajia kwa mpangilio: kikombe, mate, zege, ndoo mbili. Yule aliyeomba kuongezwa akaitazama kata aliyokuwa bado ameishika, kisha akanywa maji yaliyobaki.

Binti wa jirani alifika wa mwisho. Nywele zake zina mvi sasa, kama zangu.

“Si tulikuwa watoto, dada?” akasema kwa sauti ya chini.

“Tulikuwa watoto. Pokea.”

Alikunywa huku machozi yakimtoka. Nikamjazia tena. Akanitazama, akanywa tena.

Wakati wa kurudi nilipita juu ya lile zege. Samaki wamepungua, magari ya barafu hayaji, kuta zimeng'olewa mabati. Bibi hayupo, mwalimu hayupo, jembe lile dogo sijui liko wapi, na chini ya miguu yangu udongo wetu umelala bila wa kuuchimba. Hata waliotuogopa wamekwisha. Katika kijiji kile chote tumebaki wawili tunaokumbuka kikombe kilivyosuguliwa kwa mchanga, mimi na yeye, na nimehakikisha kwamba hatasahau kabla yangu.