Mwalimu Aliyelifuata Neno Mpaka kwa Mwenyewe

Mwanangu, ipo siku moja ya vita vya uhuru, tulipopigana na Wareno, nikiikumbuka naacha hata kutwanga. Kaa hapo, usinikatize.

Tulikuwa kambini, porini nyuma ya kijiji cha Olumbi. Sisi wasichana kazi yetu kupika na kubeba mizigo. Kwenye skola yetu, yaani shule ya porini, akaja Mwalimu Shabani, mtoto wa Palma hapa hapa, katoka Marekani kusoma miaka mingi. Nikamwuliza, "Mwalimu, umesomea nini hasa?" Akajibu kwa ile sauti yake ya polepole, kama mtu anameza uji wa moto: "Mawazo ya Wamarekani, dada'angu. Zamani walifikiri nini, na mawazo hayo waliyatoa wapi."

Nikacheka mpaka nikashika mti. "Umevuka bahari yote hiyo kusoma mawazo ya watu? Ungekaa na mimi, ya mtaa mzima ningekupa bure!"

Hakukasirika. Akaniambia kule kuna watu waliandika kwamba binadamu wote ni sawa, kisha wakarudi nyumbani kwa watumwa wao. Yeye alitaka kujua kichwa kimoja kinabebaje yote mawili. "Nalishika neno, nalifuata nyuma mpaka kwa aliyelisema mwanzo. Halafu naangalia kila aliyelipokea kaongeza nini." Mimi moyoni nikasema, hii kazi ya mtu asiye na shamba.

Basi, ndege za Wareno zikaja kuchoma mihogo yetu. Kesho yake asubuhi namkuta Atija, mtoto wa mama yangu mdogo, kafungwa mikono. Kambi nzima, mpishi wetu Bi Rukia mbele, wanasema Atija kawauzia Wareno njia zetu. Wakati ule, mwanangu, mtu wa namna hiyo alipelekwa ndani porini, na harudi. Atija kaapa mpaka sauti imekauka. Nani amsikilize?

Tukakusanywa. Mkuu wa kambi, mdomo kama ngoma: "Mwenye la kusema aseme, tumalize!"

Mwalimu akasimama, mrefu kama mpapai. "Kamarada mkuu, naomba kuuliza. Bi Rukia, habari hii umeipata kwa nani?"

Bi Rukia akasemea puani: "Aa, mie tena? Si kila mtu anajua!"

"Kila mtu ana jina, mama. Nani?"

"Nchumu kaniambia Atija anaonana na askari."

Nchumu, mbeba risasi, akajikuna kisogo. "Mie sikusema anaonana nao. Nimesema huko alikotoka askari wapo. Nimesikia kwa Mwanasha."

Mwanasha akaanza kulia. "Mie nimemwona tu anatoka upande wa Palma na mfuko wa chumvi. Basi!"

Mwalimu akamgeukia Atija. "Chumvi uliitoa wapi, dada?"

"Kwa mama, anaumwa. Niliponyoka bila ruhusa nikamwone. Chumvi anachemsha mwenyewe, ya bahari, si ya duka la Wareno."

"Na iko wapi?"

"Muulize Bi Rukia! Si iko jikoni, mmeila nyote!"

Mkuu akakohoa kuficha kicheko. Akatuma mtu kwa mama yake Atija, na jibu likaja vile vile. Atija akafunguliwa. Kwa kutoroka akapewa adhabu ya kuteka maji, akayateka huku anaimba.

Watu sasa wakamgeukia Bi Rukia, wanataka naye afungwe. Mwalimu akakataa. "Hapa hakuna aliyedanganya. Kila mmoja kaongeza woga wake kidogo tu. Hata wale Wamarekani niliowasoma walikuwa hivyo hivyo: neno zuri, kila aliyelipokea kaliongezea woga wake." Ndipo nikajua yule hakusoma bure. Vita vilipokwisha angeweza kurudi kule akale vizuri. Akabaki Palma, akafundisha mpaka macho yakamchoka. Mimi mwigaji wa kila mtu, yule nilimwiga sauti tu. Kichwa chake sikukiweza.

Sasa sikia. Siku hizi tena watu wanakimbia vijiji vyao kwa vita vipya, na jina la mtu linaharibika kwenye simu kabla hajanawa uso. Ukiletewa neno juu ya mwenzio, usilipitishe. Uliza: umelipata kwa nani, na yeye kaona nini kwa macho yake? Watakuita msumbufu. Waache wakuite. Atija yule alizaa watoto saba kwa sababu ya msumbufu mmoja.

Mungu akulindie ulimi, mwanangu. Na siku jina lako likitajwa kwa ubaya mahali usipokuwepo, akuwekee pale mtu mmoja wa kuuliza. Amina.