Nyumba Iliyonunuliwa Ndani ya Eda

Watu wa Mtaa wa Mchikichi hupenda kusema Bi Mwanamkuu alidhulumiwa na Mhindi. Waongo. Mimi Tarsis nilikuwa mpangaji wake, chumba cha uani karibu na jiko, na mahakamani niliitwa. Hilo nalijua kuliko wao.

Bi Mwanamkuu alikuwa muuza chapati pale sokoni Kariakoo, mwanamke mfupi, mkali wa ulimi. Miaka kumi na miwili alikaa mbele ya moto akidunduliza. Mwaka 1951 jirani yake, mzee mmoja aliyekuwa akihamia Magomeni, alikubali kumwuzia nyumba yake ya vyumba sita. Wakapatana bei. Wiki ile ile mume wa Bi Mwanamkuu akafariki.

Hapo ndipo mambo yalipoharibika, wala hakuna aliyeona. Mjane hukaa eda miezi minne na siku kumi. Hatoki, haonani na wanaume wasio maharimu zake. Mwuzaji naye hakutaka kungoja, mafundi wake kule Magomeni walikuwa wakimdai. Basi Bi Mwanamkuu akazitoa fedha uvunguni mwa kitanda, akamkabidhi mdogo wake Awadhi, tumbo moja ziwa moja. Awadhi akampa mwuzaji, wakaenda wote wawili ofisi ya viwanja, na karani alipouliza jina la mnunuzi, akaandika la yule aliyesimama mbele yake. Aliporudi, Awadhi alimweleza dada yake yote hayo, hakuficha. Naye akasema, "Haidhuru. Mimi na wewe kuna nini?"

Eda ikaisha, akahamia nyumbani kwake, akarudi sokoni. Habari ya karatasi aliiacha pale pale. Mimi nilipopanga, kodi ya chumba nilimpa Awadhi kila mwisho wa mwezi, kwa kuwa niliwakuta wapangaji wenzangu wakifanya hivyo tangu siku za eda. Awadhi aliipeleka ndani yote. Sitamsingizia.

Mwaka 1955 Awadhi akaingiwa na wazimu wa lori. Akaenda kwa Mansukhlal, mwenye duka la vitambaa, akakopa na kuweka nyumba rehani. Dada hakuambiwa. Mansukhlal hakuwa mjinga wala mwizi: alikwenda ofisini, akafunuliwa kitabu, akaliona jina la Awadhi, ndipo akatoa fedha zake. Lori lenyewe lilivunjika ekseli njia ya Kilwa, halikurudisha hata bei ya matairi. Mwaka na nusu baadaye tangazo la mnada likabandikwa mlangoni kwetu. Bi Mwanamkuu hakujua kusoma, kwa hiyo mimi ndiye niliyemsomea. Akaniambia nirudie. Nikarudia.

"Soma vizuri wewe Mmwera," akasema. "Nyumba ni yangu."

Akauza bangili zake za dhahabu, akaweka wakili. Mahakamani Awadhi alikiri huku analia kwamba nyumba ni ya dada yake. Wakili wa Mansukhlal akamwuliza, "Ulipokopa, ulisema ni ya nani?"

"Yangu."

"Sasa ulidanganya siku ile, au unadanganya leo?"

 Mzee wa Magomeni akaapa kwamba fedha alizipokea mkononi mwa Awadhi. Kisha nikaitwa mimi.

"Kodi unamlipa nani?"

"Awadhi."

"Bi Mwanamkuu umewahi kumpa hata shilingi moja?"

Nilitaka kueleza. Mkalimani akaniambia nijibu nilichoulizwa tu. Nikasema, "Hapana."

Niliapa kwa Biblia, nikasema kweli, na kweli ile ikamnyang'anya mwanamke nyumba yake. Iliniuma, na hata leo inaniuma. Hakimu, Mzungu mmoja mwenye sauti ya chini, alisema anamwonea huruma, lakini kitabu ni kitabu, na mkopeshaji hawezi kuingia vyumbani mwa watu kuchungulia mapatano ya ndugu. Kule nje watu wakaanza kuropoka: mali bila daftari hupotea bila habari. Methali wanazijua sana. Siku ya kuandikisha walikuwa wapi?

Mnadani nyumba ilinunuliwa na Mansukhlal mwenyewe. Hakumfukuza mtu. Bi Mwanamkuu akabaki katika chumba cha mbele, akawa mpangaji kama sisi. Hakumtukana ndugu yake, na chakula aliendelea kumpakulia kama zamani. Ila Awadhi alipotaka kuchukua kodi ya kile chumba akaipeleke, alimkatalia.

Alijifunga kanga zake, akaenda mwenyewe dukani. Mansukhlal akashika kalamu, akauliza, kwa mazoea tu, "Niandike Awadhi?"

"Andika Mwanamkuu binti Salehe."

Alirudi moja kwa moja mpaka chumbani kwangu na ile risiti, nimsomee. Nikasoma. Akataka nimwonyeshe jina lake liko wapi, nikamwonyesha, akaweka kidole juu yake na hakukiondoa.

"Karani wa serikali akiiona hii," akauliza, "atajua kwamba ni mimi?"

"Atajua, Bi Mwanamkuu," nikamwambia. "Imeandikwa: mpangaji, chumba cha kwanza."